Mbuzi wa Skripti

Ukiandika vichekesho vya televisheni, zoea kutojulikana. Mchekeshaji King Majuto alifariki mwaka 2018 na hadi leo mtaani anaigizwa, lakini uliza watu nani huandika vichekesho wanavyovipenda, utajibiwa, "Kwani huwa vinaandikwa?" Hawajakosea sana. Waigizaji wetu wa komedi wanasoma skripti kama watu wanavyosoma karatasi ya dawa: mstari wa kwanza, basi. Yaliyobaki wanatoa kichwani, na wewe mwandishi unaumia kimyakimya nyuma ya kamera.

Sasa niliandika kisa cha mzee anayemuuza mbuzi yuleyule kwa wateja watatu. Mtayarishaji akaamua tukashuti kwenye mnada wa mifugo wa Msalato, Dodoma, Jumamosi, maana umati wa pale haulipwi. Kamera tukaificha ndani ya Noah, maiki ikakaa chini ya kofia ya mzee. Mbuzi nikamwazima kwa mama mwenye nyumba wangu: beberu mweupe, sikio la kushoto limechanika. Nikamwapia atarudi kabla ya magharibi.

Mteja wetu wa kwanza, mwigizaji, akakwama njiani na bajaji. Kwenye vumbi lile akatokea baba mmoja, shuka begani, fimbo mkononi.

"Mbukwa."

"Mbukwa."

Akamfunua beberu midomo, akamtazama meno, akampapasa kiuno taratibu. "Laki na ishirini."

"Laki na ishirini? Unanunua mkia?"

Ndani ya Noah tuliziba midomo kwa viganja. Dairekta akaninong'oneza, "Huyu umemtoa wapi? Ana kipaji!" Nikatabasamu tu. Sifa kwa mwandishi haziji kila siku, ya nini kuzirudisha?

Wakavutana hadi laki na sitini. Noti zikahesabiwa kwa kidole kilicholowa mate, zikahesabiwa tena, kamba ikabadili mkono.

"Kata! Safi sana! Mbuzi arudi, tupige ya karibu."

Mbuzi gani?

Tulizunguka mnada mzima, mazizini, kwenye mitumba, kwenye malori. Alasiri nikaliona lile sikio lililochanika. Lilikuwa kwenye kichwa, kichwa kikiwa juu ya meza ya mchoma nyama. Yule baba, mtu mkarimu kweli, akatusogezea sinia: "Karibuni wanangu, mbuzi huyu laini sana." Kameramani alinawa mikono bila hata kunitazama.

Simu ya mama mwenye nyumba ikaanza kuita. Nikamgeukia mzee wetu.

"Mzee wangu, hukuona kwamba yule si mwenzetu?"

Akatoa skripti kwenye koti, akaikunjua, akanisomea kwa sauti: "'Anamuuza mbuzi. Anapokea hela. Anaweka mfukoni.' Mwandishi, si wewe unayelalamika kila siku kwamba hatufuati ulichoandika?"

"Sawa, mzee. Naomba basi hizo hela."

Akaniwekea kidole kwenye mstari wa mwisho.

"Soma mwenyewe. Wapi pameandikwa anazitoa?"