Mnara Uliovishwa Matawi ya Msonobari

Mwaka 2010 kampuni ya T-Mobile iliomba kibali cha kujenga mnara wa simu wenye urefu wa futi 108, yaani takribani mita 33, kwenye kiwanja kitupu katika eneo la makazi mjini Roswell, jimbo la Georgia nchini Marekani. Mnara huo ungevishwa matawi ya bandia ili ufanane na msonobari. Matawi hayakuwaridhisha wakazi, ambao walihofia sura ya mtaa wao na bei ya nyumba zao, na mwezi Aprili madiwani wakalikataa ombi hilo kwa kauli moja.

Siku mbili baadaye kampuni ilipokea barua iliyosema kwamba ombi limekataliwa na kwamba muhtasari wa kikao ungeweza kupatikana kwa karani. Sababu haikutajwa hata moja. Muhtasari wenyewe ulitolewa siku 26 baada ya barua, zikiwa zimebaki siku 4 tu katika zile 30 ambazo sheria humpa mwombaji kufungua kesi. Shauri hilo lilifika Mahakama ya Juu, na Januari 2015 majaji 6 kati ya 9 waliona kwamba mji umekosea. Jaji Sonia Sotomayor, aliyeandika hukumu, alieleza kwamba si lazima sababu ziwemo ndani ya barua yenyewe, ila ni lazima zitolewe kwa maandishi karibu wakati uleule. Jaji Mkuu John Roberts alilipinga sharti hilo la muda, kwa hoja kwamba halimo katika sheria. Mimi naungana na waliokuwa wengi, ingawa kampuni haikuwa gizani, kwa kuwa ilikuwa na nakala yake ya yaliyosemwa kikaoni. Anayenyimwa kibali ana haki ya kuelezwa kwa nini, hata akiwa tajiri.

Hata hivyo, kasoro kubwa zaidi naiona katika sheria iliyozaa kesi hiyo. Sheria ya Mawasiliano ya mwaka 1996 inaziachia serikali za mitaa uamuzi wa mahali minara itakapojengwa, lakini inazizuia kuukataa mnara kwa sababu ya athari za mawimbi yake kwa mazingira, ilimradi mawimbi hayo hayavuki viwango vya FCC, tume ya mawasiliano ya nchi hiyo, na mahakama zimelichukulia katazo hilo kuwa linagusa pia afya ya binadamu. Kwa hiyo mzazi anayehofia mionzi karibu na chumba cha mwanawe hushauriwa azungumzie mandhari na bei ya nyumba, na diwani anayemwelewa vizuri hulazimika kutafuta sababu nyingine ya kuandika.

Binafsi siiogopi minara. Ni kweli kwamba mwaka 2011 Shirika la Kimataifa la Utafiti wa Saratani liliyaweka mawimbi ya redio katika kundi la 2B, la vitu ambavyo huenda vikasababisha saratani, lakini neno lenye uzito hapo ni «huenda», na nguvu ya mawimbi hupungua haraka kadiri mtu anavyokuwa mbali na antena. Mara nyingi simu tuliyoibana sikioni hutufikishia mawimbi mengi kuliko mnara ulio ng'ambo ya barabara. Hayo yote yanaweza kuelezwa mbele ya wakazi kwa subira, na yanastahili kuelezwa, kwa sababu hofu iliyopigwa marufuku ukumbini huendelea kukua mitaani.

Kenya imechukua njia nyingine. Ibara ya 42 ya Katiba ya 2010 inampa kila mtu haki ya mazingira safi na yenye afya, na ibara ya 70 inamruhusu kwenda mahakamani bila kuthibitisha kwamba kuna mtu aliyekwisha kupata hasara au madhara. Mkazi anayeupinga mnara anaweza kuitamka mionzi waziwazi, na jaji akaipima hoja hiyo kwa ushahidi. Njia hiyo ina gharama yake: kesi huchukua muda, na wakati huo kuna wanaoendelea kupanda kilima kutafuta mtandao. Nafuu ingepatikana kama kampuni ingetakiwa kubandika makadirio ya nguvu ya mawimbi, nyumba kwa nyumba, kabla ya kikao cha kwanza, kisha irudi kupima mnara ukishawashwa.