Kutoka Meya wa Ilala hadi Waziri: Njia ya Jerry Silaa Ikitazamwa kutoka Unguja

Mwishoni mwa Agosti 2023 Jerry Silaa alipoteuliwa kuwa Waziri wa Ardhi, Nyumba na Maendeleo ya Makazi katika Serikali ya Muungano, huku Zanzibar habari ile ilipita kimya. Ardhi si jambo la Muungano. Kiwanja cha Tunguu au shamba la Micheweni lina Kamisheni yake, sheria yake na waziri wake, na amri ya waziri wa Dodoma haivuki bahari. Julai 2024 akahamishiwa Wizara ya Habari, Mawasiliano na Teknolojia ya Habari, na hapo hesabu ikabadilika, kwa sababu posta na simu zimo katika orodha ya mambo ya Muungano. Mtu aliyeanzia udiwani na umeya wa Ilala akawa na kauli juu ya simu iliyo mkononi mwa kijana wa Chake Chake, ambaye hajampigia kura na pengine hajawahi kufika Ilala.

Kwa hiyo njia aliyoipita inatuhusu. Je, umeya unamwandaa mtu kwa uwaziri? Na mbona kwetu visiwani njia hiyo karibu haipitiki?

Silaa alikuwa Meya wa Manispaa ya Ilala tangu 2010 hadi 2015, akiwa bado kijana. Ilala ndiyo yenye Kariakoo, maofisi ya katikati ya jiji na uwanja wa ndege, na pia vitongoji vya Pugu na Gongo la Mboto ambako barabara za ndani zilikuwa tope tupu kila masika. Mwaka 2015 aligombea ubunge wa Ukonga kwa tiketi ya CCM akashindwa na Mwita Waitara wa Chadema. Alisubiri hadi 2020 ndipo akaingia Bungeni. Mwaka uliofuata, mwezi wa Agosti, Bunge lilimfungia mikutano miwili kwa kauli zake kwamba mishahara ya wabunge haikatwi kodi. Miaka miwili baadaye akawa waziri.

Mimi naipa uzito ile kura ya 2015. Mtu aliyekuwa na joho na mkufu wa umeya, kisha wapiga kura wa kwao wakamwambia hapana, amefundishwa jambo ambalo hakuna semina ya viongozi inayoweza kulifundisha. Wako mawaziri wengi, bara na visiwani, ambao hawajawahi kulionja hilo. Rais wa Muungano ana nafasi kumi za kuteua wabunge, na Rais wa Zanzibar ana nafasi kumi za kuteua wajumbe wa Baraza la Wawakilishi. Mtu anaweza kutoka ofisini kwake, akateuliwa, akaapishwa, akawa waziri ndani ya siku chache. Wamo miongoni mwao wataalamu hodari, na serikali inawahitaji. Lakini hawajawahi kusimama mbele ya mama ntilie aliyevunjiwa banda lake wakatakiwa kumweleza kwa nini.

Hapo ndipo hoja ya wanaoutetea umeya inapopata nguvu. Meya hushughulika na serikali kwa vitu vinavyoonekana: taka hazijazolewa siku ngapi, nani kapewa kizimba sokoni, kiwanja kimoja kimegawiwa watu wangapi. Silaa alipokwenda Wizara ya Ardhi aliendesha kliniki za ardhi, ambapo maofisa walitoka maofisini, wakakaa na wananchi, wakasikiliza malalamiko na kutoa hati. Mtu aliyelelewa na makabrasha ya wizara asingeanza hivyo. Aliyewahi kuwa diwani anajua kwamba mwananchi haogopi sheria ya ardhi kama anavyoiogopa korido ya ofisi ya ardhi.

Njia hii ina historia ndefu. Sheikh Kaluta Amri Abedi, mshairi ambaye kanuni zake za utungaji zimesomwa na vizazi vya wanafunzi wa Kiswahili, alikuwa Mwafrika wa kwanza kuwa Meya wa Dar es Salaam, mwaka 1960. Mwaka 1963 akawa Waziri wa Sheria wa Tanganyika. Alifariki Oktoba 1964 akiwa bado waziri, mtu wa miaka arobaini hivi. Baada yake ngazi yenyewe ilivunjwa: mwaka 1972 serikali za mitaa bara zilifutwa, na zilirudi polepole, kwanza mijini mwaka 1978, kisha kwa sheria za 1982. Taifa lililokaa muda wote huo bila mabaraza yenye nguvu lilizoea kuwatafuta viongozi wake kwengine, kwenye chama, jeshini na katika utumishi wa umma.

Upande wa pili nao una hoja, na si ndogo. Kazi ya meya humfundisha mtu kuamua papo hapo, mbele ya watu, na kuonekana ameamua. Waziri anatakiwa mara nyingi ajizuie. Mgogoro wa kiwanja una mabaraza ya ardhi na una Mahakama Kuu. Waziri akifika na kamera akatamka nani mwenye haki, aliyeshindwa siku ile atahisi kesi yake imekwisha kabla hajasikilizwa, hata kama waziri alisema kweli. Wanaompenda Silaa walimpenda kwa kasi hii hii, na sisemi walikosea. Watu wamechoka kusubiri. Ila kasi inayomfaa mtu mmoja mwenye haki leo inaweza kumuumiza mwengine mwenye haki kesho, na sheria imewekwa kwa ajili ya huyo wa kesho.

Mei 2025 jambo hili lilifika hadi kwetu. Baada ya akaunti ya Jeshi la Polisi kudukuliwa, mtandao wa X ulifungwa nchini, na Silaa, akiwa waziri mwenye dhamana, aliutetea uamuzi huo kwa hoja ya maadili, kwamba mtandao huo unaruhusu picha za ngono. Hoja ya maadili ina wasikilizaji wengi Zanzibar, na mimi mzazi siidharau. Hata hivyo, picha chafu zina njia zake za kuzuiwa bila kuzima ukumbi mzima wa mazungumzo ya siasa katika mwaka wa uchaguzi. Meya akifunga soko chafu, wenye vizimba watakuwa mlangoni kwake asubuhi yake, na atalazimika kuwaambia lini linafunguliwa. Waziri aliyefunga mtandao hawaoni waliofungiwa. Kijana anayetafuta wageni wa Nungwi kwa simu yake, au mwandishi wa habari wa Wete, hana mlango wa kugonga. Redio na televisheni zetu zina Tume yake ya Utangazaji hapa hapa Zanzibar, lakini mawasiliano ya simu na intaneti yako chini ya mamlaka ya Muungano, na Silaa, aliyekuwa mbunge wa Ukonga, asingewajibishwa na kura ya Mpemba hata iweje.

Kwa hiyo umeya wa Ilala ulimpa ujuzi wa watu wa Ilala. Ujuzi wa kutawala watu usiowaona, na hasa watu wa upande mwengine wa Muungano, haukuwemo katika masomo yale.

Sasa tujitazame wenyewe. Zanzibar ina mameya, wakiwemo wa manispaa za Mjini, Magharibi A na Magharibi B, na Sheria ya Serikali za Mitaa ya 2014 inawatambua. Madiwani humchagua meya miongoni mwao. Mkurugenzi, ambaye ndiye mwenye watendaji na hundi, huteuliwa na Rais. Bara nako mkurugenzi ni wa kuteuliwa, kwa hiyo hata Silaa alipokuwa meya hakuwa na rungu lote. Lakini meya wa Mjini ana kidogo zaidi ya hapo. Maji ni ya Mamlaka ya Maji (ZAWA), umeme ni wa Shirika la Umeme (ZECO). Nyumba za Michenzani ni za Shirika la Nyumba. Mji Mkongwe, ulioingia katika Urithi wa Dunia mwaka 2000, una Mamlaka yake ya Hifadhi tangu 1985. Sheha, ambaye kwa mkaazi wa kawaida ndiye serikali ya kwanza, huteuliwa na Mkuu wa Mkoa. Mradi mkubwa wa huduma za miji uliofadhiliwa na Benki ya Dunia, uliojenga mifereji ya maji ya mvua na ukuta wa Mizingani, usimamizi wake ulikaa Wizara ya Fedha. Meya amebaki na taka, masoko, leseni za biashara na maegesho, pamoja na lawama za mafuriko ya mifereji ambayo hakuijenga yeye.

Wanaotetea mpangilio huu husema visiwa ni vidogo. Sensa ya 2022 ilihesabu watu 1,889,773 Zanzibar nzima, karibu nusu yao Mkoa wa Mjini Magharibi pekee. Waziri akitoka ofisini asubuhi anafika Makunduchi na kurudi kabla ya adhuhuri, sasa ngazi nyengine ya serikali chini yake ya nini? Naielewa hoja hii. Kugawa madaraka bila fedha na watu wenye ujuzi huzaa ofisi nyingi na huduma ile ile mbovu. Pia siasa zetu zimekuwa za kuumizana, na wapo wanaoogopa kwamba meya wa chama kimoja na serikali ya chama chengine wangekwamishana huku jaa likifurika.

Bado nadhani hasara ya kuendelea hivi ni kubwa kuliko hofu hiyo. Kwa udogo wa visiwa, kila jambo linapanda moja kwa moja hadi kwa waziri na kwa Rais, na diwani wa Kwahani au wa Mtambile hapati pahala pa kujifunza kukosea kidogo kabla hajapewa kukosea kukubwa. Tunawapata mawaziri wetu kwenye ofisi, majukwaa ya chama na familia zinazojulikana. Mtu wa mtaani mwenye kipaji anafika udiwani na anaishia hapo.

Wengine wanataka meya achaguliwe moja kwa moja na wananchi. Mimi nisingeanzia huko. Ningeanza na hesabu: mapato ya maegesho na masoko ya kila manispaa yabandikwe Darajani na Mwanakwerekwe kila robo mwaka, kila mtu ayasome. Baadaye baraza la madiwani lipewe sauti katika kumwajiri mkurugenzi na kumwondoa. Kura ya mji mzima ije baada ya hapo, kwa sababu meya aliyechaguliwa na watu wote halafu hana saini kwenye hundi atawavunja moyo wapiga kura wake mwaka wa kwanza tu.