Mtoto Aletwe Kwanza

Juzi nimemsikia wakili mmoja akisema, tena kwa kujiamini kabisa, kwamba habeas corpus, yaani amri ya mahakama ya kumtaka anayemshikilia mtu amlete mbele ya jaji, ni ya mahabusu, na mzazi aliyenyang'anywa mtoto afungue kesi ya malezi asubiri tarehe. Nimeshindwa kunyamaza. Dada yangu aliisubiri hiyo tarehe.

Mwanawe alikuwa na miaka miwili. Baba mtu alimchukua Ijumaa, wakakubaliana angemrudisha Jumapili. Jumapili simu haikupokelewa. Dada akashauriwa afungue shauri la malezi, nalo likapangwa kusikilizwa baada ya miezi minne. Walipoonana tena, mtoto alijificha nyuma ya shangazi yake, akimwita shangazi huyo mama.

Miezi minne kwa mtoto wa miaka miwili ni sehemu ya sita ya umri wake wote! Na kila siku inayopita inamzidishia hoja yule aliyemchukua: mtoto ameshazoea, ana wenzake wa kucheza nao, msimsumbue tena. Aliyevunja makubaliano ndiye anayefaidi ucheleweshaji. Mkataba wa Hague wa 1980, unaohusu watoto waliovushwa mipaka ya nchi, unalijua hilo. Wiki 6 zikipita bila uamuzi, mahakama inaweza kutakiwa ieleze sababu. Na ombi likifunguliwa baada ya mwaka mzima, mtoto kuwa ameshazoea mazingira mapya kunaweza kuzuia asirudishwe. Saa inahesabu, na haihesabu upande wa mzazi aliyeachwa mlangoni.

Habeas corpus haimalizi ugomvi wa malezi. Inamwambia aliye na mtoto: mlete, kisha ueleze unamshikilia kwa haki gani. Basi. Kesi ndefu ije baadaye, mtoto akiwa anajulikana alipo.

Wala si jambo geni. Uingereza, mwaka 1804, mama mmoja aliiomba amri hii baada ya mumewe kumpokonya mtoto wa miezi minane aliyekuwa bado ananyonya. Alishindwa, kwa kuwa sheria ya wakati ule ilimpa baba haki yote. Ni mwaka 1839 ndipo Bunge liliporuhusu mama kuomba kukaa na watoto wa chini ya miaka 7. Mtoto yule aliponzwa na sheria ya malezi, si na amri yenyewe.

Nakubali, kwa shingo upande, kwamba maombi haya huamuliwa haraka kwa viapo vya maandishi, na jaji hawezi kuichimbua ndoa nzima kwa siku mbili. Na wapo akina mama waliotoroka na watoto wao kukimbia kipigo. Hao wasilazimishwe kumkabidhi mtoto kwa mpigaji. Jaji anaweza kukataa, maana ustawi wa mtoto ndio unaotangulia. Lakini hayo aambiwe jaji, na aambiwe wiki hii.

Dada alishinda kesi yake. Wiki tatu za kwanza mtoto alikuwa akiamka usiku akimlilia shangazi, na dada anakaa naye gizani, anambembeleza mpaka alale.