Picha za mkoloni katika makala ya Nachingwea: zitumike au ziachwe?

Anayeandaa makala ya televisheni kuhusu Mpango wa Karanga huko Nachingwea, mkoani Lindi, yaani mradi wa Waingereza wa kulima karanga kwa mashine enzi za ukoloni, hukwama mapema. Televisheni ilianza kurusha matangazo Tanzania Bara mwaka 1994, ilhali mpango ule ulianza 1947 na kuachwa 1951, baada ya kumeza takriban pauni milioni 36 za serikali ya Uingereza. Filamu za wakati huo zilipigwa na Waingereza wenyewe, na nyingi zimehifadhiwa kwao.

Wanaosema ziachwe wana hoja nzito. Zilipigwa ili kumridhisha Mwingereza kwamba kodi yake inafanya kazi: matrekta mawili yanaburuta mnyororo wa nanga na kuangusha msitu, vifaru vya vita vimegeuzwa mashine za shamba. Wenyeji wamo kama nguvukazi tu, bila majina. Isitoshe, filamu za habari za enzi hizo mara nyingi zilipigwa kimya, maelezo na muziki vikaongezwa studio Ulaya. Kisha kuna leseni ya kutumia filamu hizo, ambayo hutozwa kwa dakika au hata kwa sekunde, na bei hupanda kadiri unavyotaka kurusha katika nchi nyingi na kwa miaka mingi. Studio ndogo ya Lindi ingeweza kutumia fedha hiyo kwenda vijijini kuwarekodi wazee. Aliyekuwa na miaka kumi mwaka 1949 leo amevuka themanini. Hoja hii ndiyo inayonigusa kuliko zote, kwa sababu filamu itabaki ghalani, mzee hatabaki.

Hata hivyo, siafiki kuziacha. Kijana wa Mtwara anaiona bandari kila siku bila kujua kwamba ilijengwa kwa ajili ya karanga, pamoja na reli ya kwenda Nachingwea iliyofungwa 1962. Maneno peke yake hayawezi kumwonyesha ukubwa wa mashine zile. Tena, mhariri akizima sauti ya msimulizi, jicho huanza kuona ambayo mpiga picha hakuyakusudia: nguo za vibarua, zana walizopewa, nani amesimama na nani ameketi.

Nisichokubali ni kuchukua picha za Kongwa, Dodoma, ulikoanzia mpango huo, na kuzipachika kwenye simulizi ya Nachingwea kwa kuwa zote zinaonyesha matrekta. Huo ni uongo, na wenyeji watautambua kwa udongo na miti.

Basi tuanze na wazee. Hifadhi nyingi za filamu hutoa nakala za kutazama zenye alama ya mmiliki; hifadhi ikikuruhusu, waonyeshe wazee kwenye kompyuta mpakato na uwarekodi wakizitazama. Maneno yao ndiyo yawe maelezo ya filamu, na maandishi kwenye skrini yataje aliyepiga, mahali na mwaka. Leseni ilipiwe mwishoni, kwa sekunde zilizobaki baada ya kuhariri. Na Idara ya Kumbukumbu na Nyaraka za Taifa iombe nakala kwa niaba ya nchi, ili kila mtayarishaji wa kusini asilazimike kubisha hodi London peke yake.