Kumrekodi mtu bila kumpa neno

Mpiga filamu akimketisha mama muuza matoke wa soko la Owino, Kampala, mbele ya kamera, akamwambia atulie tu wala asiseme kitu, anamheshimu au anamnyang'anya sauti?

Msanii wa Marekani Andy Warhol alifanya hivyo New York kati ya 1964 na 1966. Aliwarekodi mamia ya watu, mmoja mmoja, kamera haisogei, sauti hakuna. Mkanda wa karibu dakika tatu aliuonyesha polepole ukapita dakika nne, hata kupepesa jicho kukawa tukio. Mwanzoni mtu hujipanga kama wa picha ya pasipoti. Baadaye shingo huchoka, mdomo hulegea, na hapo ndipo anapoonekana. Mmoja wao, Ann Buchanan, alikaza macho mpaka machozi yakamtiririka.

Uganda mtindo huu una kazi. Video za miradi ya misaada zimetuzoesha maskini anayesimulia shida zake huku muziki wa huzuni ukipigwa. Kimya kinamtua mzigo wa kujieleza. Na mtazamaji wa kibanda cha video, aliyezoea VJ, yule mtangazaji anayezungumza juu ya filamu, amfasirie kila kitu kwa Kiganda na utani juu yake, itabidi atazame mwenyewe. (Atadai arudishiwe pesa, najua.)

Lakini wengi waliokaa mbele ya Warhol walikuwa wasanii na marafiki zao, watu waliotaka kuonekana. Mama wa Owino ana wateja wanaosubiri. Akinyamaza, bei zake na madeni yake havimo, na mtazamaji wa mbali atamtungia hadithi aitakayo.

Basi aongee? Katika filamu yake ya mwaka 1974, mwongozaji Barbet Schroeder alimwacha Idi Amin, mtawala wa Uganda wakati huo, ajieleze atakavyo. Amin akapiga akodiani, akaongoza mazoezi ya kijeshi ya kuiteka Golan, milima iliyoshikwa na Israeli, akasema na kusema, na maneno yale yale yakamwanika. Sehemu zilizomchukiza, Amin alilazimisha zikatwe kwa kuwashika mateka Wafaransa waliokuwa Uganda.

Amin alipata kwa mabavu kile ambacho mama wa Owino anastahili kukipata kwa makubaliano: uwezo wa kusema "kata". Kwangu hilo linazidi suala la kimya au maneno. Alipwe muda wake, aione filamu kabla ya mwingine yeyote, akisema ifutwe, ifutwe. Wapiga filamu watalalamika kwamba kitakachofutwa ni kile kipande kizuri kuliko vyote, pale uso ulipolegea. Huenda ikawa kweli, na hasara hiyo naikubali.