Shule ya steno inakufundisha kudondosha, mahakama inataka usimamishe watu

Watu wakijua kazi yangu ni kuandika mwenendo wa kesi mahakamani, swali la kwanza huwa ni moja tu, unaandika maneno mangapi kwa dakika? Ukiwajibu wanapiga mluzi na mazungumzo yanaishia hapo, kana kwamba kazi yenyewe ni mbio za vidole. Siwalaumu, maana hata shule zinazofundisha hii kazi zinaiuza hivo hivo, spidi spidi spidi, mwanafunzi anamaliza ana vidole vya moto ila hajawahi hata siku moja kumwambia mtu mzima "samahani, ngoja kwanza". Mimi naona hapo ndo penye shida yenyewe, na leo nataka niiseme kwa kirefu.

Tunaandikia mashine ya steno, yaani ya hati mkato, na anayeitumia ndo stenografa. Kwa ambao hawajawahi kuiona, haina herufi zote. Ina vitufe 22 tu na baa ya namba kwa juu, na hubonyezi kimoja kimoja, unabonyeza kadhaa kwa pamoja kama mpiga kinanda na pigo moja linatoa silabi nzima au neno zima. Mkono wa kushoto unashika konsonanti za mwanzo, vidole gumba vinashika irabu, mkono wa kulia konsonanti za mwisho. Kwa steno ya Kiingereza, ambayo ndo niliyosomea, kushoto hakuna D, hakuna N, hakuna L, inabidi uzitengeneze mwenyewe, T na K pamoja ndo D, H na R pamoja ndo L, T na P na H zikigongwa kwa mpigo unapata N. Miezi ya mwanzo unajiona mjinga kabisa, mtu unajua kusoma na kuandika tangu utotoni alafu unahangaika kuandika jina lako. Ukivuka hapo unaanza kukusanya brifu, yaani msemo mzima kwa pigo moja, yale maneno mawakili wanayarudia kutwa nzima, "unakumbuka", "si kweli kwamba", "naomba nikuonyeshe". Kila mtu anajaza kamusi yake mwenyewe kwenye programu ya kompyuta inayogeuza mapigo kuwa maneno, ya kwangu ukipewa wewe itakutolea vituko. (Kama unataka kuonja tu bila kuingia gharama kuna programu ya bure inaitwa Plover, aliianzisha stenografa mmoja Mmarekani, Mirabai Knight, na unaweza kuitumia na kibodi ya kawaida ilimradi inakubali vitufe vingi kubonyezwa kwa wakati mmoja.)

Kukimbizana na mdomo wa mtu ni hangaiko la siku nyingi. Tiro, katibu wa mwanasiasa Cicero kule Roma ya kale, alikuwa na alama zake za mkato. Uingereza Isaac Pitman akatoa mfumo wake 1837, John Robert Gregg akafuata na wake 1888, na Seneti ya Italia imekuwa ikitumia mashine ya hati mkato iitwayo Michela tangu 1880. Hata Charles Dickens kabla hajawa mwandishi wa riwaya alikuwa kijana wa hati mkato kwenye mahakama za London. Wote hao walikuwa wanatafuta dawa ya spidi, na mimi naona dawa imeshapatikana, mtu mwenye mashine na mazoezi ya kutosha anaweza kumfuata karibu kila anayeongea. Kilichobaki ni kitu kingine.

Sasa tuje kwenye mafunzo. Ukishamaliza nadharia ya vitufe unaingia kwenye kujenga spidi na hapo ndo wengi wanapoachia njiani. Unapanda ngazi, 80, 100, 120, alafu unagonga ukuta. Hakuna anayeweza kukwambia kwanini umekwama, jana ulikuwa unaandika vizuri leo vidole havisikii, unaimliwa dakika tano, unasahihisha, umefeli, unarudia. Marekani cheti kinachojulikana zaidi cha wanaoripoti mahakamani, RPR, kinataka ufike maneno 225 kwa dakika kwenye sehemu ya maswali na majibu ya shahidi, kwa usahihi wa 95%. Na kuna silaha moja ambayo kila mwalimu anakupa ili uvuke, ukizidiwa dondosha. Usibaki nyuma unahangaika na neno moja, liache lipite, shika linalofuata, songa mbele. Ni ushauri mzuri sana kwa mtihani, bila huo huwezi kufaulu, kwa sababu sauti inayokuimlia haikusubiri na hata ukilia haitarudi.

Ila hebu piga hesabu. 225 mara dakika tano ni maneno 1,125, asilimia tano yake ni maneno 56. Unaruhusiwa kukosea au kudondosha maneno 56 ukaitwa umefaulu, tena kwa haki kabisa, si kwa kupendelewa. Kwenye karatasi ya mtihani neno ni neno, ukidondosha "basi" umepoteza alama moja na ukidondosha "siku" umepoteza alama moja. Mahakamani sivyo. Chukua Kiswahili chetu tu, mtu anaongea haraka, ameinamisha kichwa, anasema "nikampiga" ama "sikumpiga", jaribu kuyasema mwenyewe kwa kunong'ona uone tofauti iliyobaki ni ndogo kiasi gani, na katikati ya hayo mawili kuna mtu anakwenda jela au anakwenda kwake. Stenografa aliyezoeshwa miaka miwili mitatu kwamba ukikosa neno songa mbele, unafikiri siku hiyo atafanya nini? Atasonga mbele. Au mbaya zaidi, atakisia.

Kukisia ndo ugonjwa mkubwa wa hii kazi na hauonekani, kwa sababu neno la kukisia likishaandikwa linafanana na neno lililosikika. Halina rangi tofauti. Majaji wa rufaa hawakuwepo, hawakuona uso wa shahidi, wanasoma karatasi basi, na karatasi inasema ulichokisia.

Na hili sisemi kwa hisia tu. Mwaka 2019 ulitoka utafiti uliofanyika Philadelphia, walichukua waandishi wa mahakama 27 walio kazini, wakawasikilizisha rekodi za Wamarekani weusi wakiongea lugha yao ya kila siku. Hawa ni watu wenye vyeti vya 95% na kwenda juu. Wakapata karibu 83% tu ya maneno, na ukihesabu sentensi nzima nzima zilizoandikwa sawasawa ni kama sita kwa kila kumi. Kuna sehemu walichoandika kilibadilisha kabisa nani alifanya nini na lini. Nilipousoma nilikaa nao siku kadhaa, maana najua wale si wavivu na wala sidhani wana roho mbaya, masikio yao hayakuzoea ile lahaja na kichwa kikajaza pengo kwa kitu kilichokaribia. Wako waliojitetea kwamba mahakamani kweli kweli wangeuliza. Sawa, rekodi haiulizwi swali, hilo nalikubali. Ila mimi najiuliza wangapi wangeuliza kweli, mbele ya jaji, na shahidi ambaye kila mtu mle ndani anajifanya amemwelewa?

Hapo ndo watu wa teknolojia wanapoingia na jibu lao rahisi, weka maiki, weka programu ya kutambua sauti, wapeni hawa stenografa mkono wa kwaheri. Mwaka 2020 mifumo ya Amazon, Apple, Google, IBM na Microsoft ilipimwa kwa namna hiyo hiyo, ikawa inakosea maneno 35 kwa kila 100 kwa wazungumzaji weusi na 19 kwa weupe. Najua imeboreka toka kipindi hicho na itaendelea kuboreka, sitaki kuwa yule mzee anayelaani kila kitu kipya, na kuna mashauri madogo ambayo rekodi inatosha kabisa tena inasaidia, unaweza kuirudia mara kumi. Lakini rekodi ya mawakili wawili wakigombana kwa wakati mmoja ukiirudia mara kumi utawasikia wakigombana mara kumi. Mashine haikatizi mtu. Na kama binadamu naye hakatizi, basi kwa kweli sijui tunabishana nini, tofauti yetu ilikuwa hapo tu.

Kwanini watu hawakatizi? Woga, bwana. Wewe ni mtu mdogo kuliko wote mle ndani, kila aliyevaa joho anakuzidi, na wakili akishapata mdundo wa maswali ya kudodosa, anamzungusha shahidi kona hii na hii, shahidi anaanza kujichanganya, alafu wewe uko pembeni unainua mkono "samahani Mheshimiwa, naomba shahidi arudie". Atakuangalia jicho ambalo utalikumbuka ukiwa unakula usiku. Umemvunjia pumzi ya shambulizi lake. Wengine watakwambia wazi kwenye korido kwamba wewe hufai. Waache waseme, ila ukweli ni kwamba yule yule wakili akija kukata rufaa atataka hiyo sentensi iwe kamili, na akiikuta imekatika wa kulaumiwa ni wewe.

Kigumu kuliko wakili mkali ni shahidi anayelia. Hili shuleni hawaligusi kabisa. Mama amesimama kizimbani, anaeleza kilichompata mtoto wake, sauti inashuka, inashuka, mpaka ile sentensi muhimu kuliko zote inatoka kama pumzi tu, chumba kizima kimenyamaza, hata karani ameacha kupekua mafaili. Na wewe hukuisikia. Ulisikia mwanzo wake na mwisho wake. Ukimsimamisha unamlazimisha aseme tena neno ambalo limemchukua miaka kulisema mara moja. Wenzangu wengi wazuri tu watakwambia hapo uache, uweke ulichoambulia, utu kwanza. Mimi nakataa. Alikuja pale ili liandikwe, na lisipoandikwa kuna siku ataitwa tena alieleze upya mbele ya watu wengine, au hataitwa kabisa na litakuwa halikusemwa. Unachoweza kuchagua ni namna ya kumuuliza, unasubiri avute pumzi, unapitia kwa jaji usimrukie yeye moja kwa moja, unaomba kusogeza kiti chako karibu ili ijayo usimuulize tena, na unamwonyesha ulipoishia, "nimeishia pale mama aliposema alifungua mlango". Hiyo ya kutaja ulipoishia ni kubwa kuliko inavoonekana. Ukisema tu "rudia" shahidi anaanza hadithi upya kwa maneno tofauti na sasa una majibu mawili kwenye rekodi, wakili wa upande wa pili anafurahi.

Ziko nyingine ndogo ndogo ambazo mtu anajifunza akiwa kazini tu. Simamisha mapema, sentensi ikipotea usisubiri mbili zaidi zipotee ndo uinue mkono. Kichwa kikitikiswa mashine haisikii, na "mh" na "mhm" kwenye karatasi hazijulikani ipi ni ndio ipi ni hapana, kwahiyo omba jibu la mdomo. Majina ya dawa na ya mifupa muulize daktari wakati wa mapumziko, wataalamu wanapenda kuulizwa, watakuandikia wenyewe kwa mkono. Kabla kesi haijaanza pita kwa mawakili wa pande zote mbili uwaambie mapema kwamba wakiongea pamoja utawasimamisha, ukishawaambia wakati bado mnacheka hawachukii sana baadae. Na usiku ukiwa unasahihisha, maana saa moja ya mahakamani inaweza kula nyingine nzima au mbili mezani, ndo utaona kila sehemu uliyoogopa kuuliza, ziko pale zinakuangalia na huwezi kuzifanya chochote.

Kwahiyo kama ningepewa darasa, ningeacha imla zote kama zilivyo, spidi lazima, bila spidi huingii hata mlangoni. Ila mtihani mmoja ningeubadilisha. Badala ya sauti ya rekodi ningeweka watu watatu wa kweli mbele ya mwanafunzi, mmoja anaongea ndani ya mdomo, mmoja ana lafudhi ambayo darasa zima halijaizoea, mmoja amevaa joho na ana hasira za kukatizwa. Maneno 150 kwa dakika yanatosha. Kila neno la kukisia linakatwa alama tatu, neno lililodondoshwa kimya kimya alama mbili, na ukiwasimamisha vizuri, kwa adabu, kwa wakati, ukataja ulipoishia, unaongezewa. Walimu watasema muda hautoshi na hao watu watatu watatoka wapi. Wapo wanafunzi wenzao, wapokezane, na wa joho namba moja awe mwalimu mwenyewe.