Mmea Haujakuomba Chungu Kikubwa

Ukinunua ua kwa wauza maua wa barabarani hapa Dar, kishawishi huwa ni kimoja: ukichane kiriba, ule mfuko wa plastiki uliooteshewa, siku hiyo hiyo, ulitumbukize ua kwenye chungu kikubwa cha kauri, sebule ipendeze. Mimi napinga. Mmea uliozoea kitalu, ukapakiwa kwenye bajaji na kuingizwa ndani nyuma ya mapazia, tayari una shughuli ya kutosha. Uache wiki mbili tatu uzoee. Kama kiriba kinakutia aibu mbele ya wageni, kifiche ndani ya hicho chungu cha kauri.

Chungu kikubwa kupita kiasi huua mimea mingi. Mizizi michache haimalizi maji ya udongo mwingi, kwa hiyo udongo unabaki na majimaji siku nyingi, hewa inakosekana na mizizi inaoza. Majani yakigeuka njano, mwenye mmea anadhani ni kiu, anamwagilia tena! Chungu kipya kikizidi cha zamani kwa sentimita 3 hadi 5 za upana, inatosha, na lazima kiwe na tundu chini. Wale wa kuweka kokoto chini "maji yapite" wanajisumbua bure. Maji hayashuki kwenye kokoto mpaka udongo wa juu yake ushibe kabisa, hivyo tope linazidi kuisogelea mizizi.

Tazama urujuani wa Usambara, ua dogo la ndani ambalo Waingereza huliita "African violet". Mwaka 1892 Walter von Saint Paul-Illaire, ofisa wa Kijerumani aliyekuwa Tanga, alituma mbegu zake kwa baba yake Ujerumani, na leo ua hilo linapamba madirisha ya nusu ya dunia. Kwao milimani huota kwenye nyufa za miamba, penye udongo kiduchu. Ndiyo maana hutoa maua vizuri zaidi mizizi ikibanwa kidogo; ukiupa chungu kipana utavuna majani matupu.

Hivyo kabla ya kuamua, uliza mizizi. Mwagilia kidogo, laza chungu, gongagonga ubavuni, vuta taratibu ukishika shina karibu na udongo. Ukiona udongo mwingi na mizizi hapa na pale, rudisha. Ukitoka mviringo wa mizizi mitupu iliyojizungusha kama kata ya kubebea ndoo, wakati umefika. Dalili nyingine ni maji kupita moja kwa moja bila kukaa, au udongo kukauka siku hiyo hiyo uliyomwagilia. ZZ (Zamioculcas), mmea wa ndani wenye majani manene yanayong'aa, ambao nao ni mwenyeji wa Afrika Mashariki, hukurahisishia kazi: viazi vyake vya chini hutanuka mpaka chungu cha plastiki kinavimba, wakati mwingine kinapasuka. Legeza mizizi iliyojizungusha kwa vidole, kata iliyooza, na usiweke samadi mbichi, inaunguza.

Vitabu vya Ulaya vinasema subiri majira ya kuchipua. Sisi tuna mvua. Mwanzo wa masika au wa vuli mmea unakua kwa nguvu na jeraha la mizizi linapona upesi. Nisingehamisha chochote kwenye jua kali la Februari, wala wakati wa kipupwe kwa walio Arusha au Lushoto, isipokuwa mizizi inaoza. Hapo hakuna kusubiri. Fanya jioni, kisha weka kivulini kama wiki moja.

Kuna kisa kimoja ambacho chungu hakina kosa. Wengi wetu tunamwagilia maji ya kisima, na mengi yana chumvi. Ukiona utando mweupe kwenye ukingo wa chungu na ncha za majani zinaungua, badilisha udongo, siyo chungu. Kisugue, weka udongo mpya uliochanganywa na mchanga wa mto na samadi iliyooza vizuri, kisha rudisha mmea humo humo. Na mvua ikinyesha, kinga ndoo moja ya maji kwa ajili yake.